Predator (1987): diski tatu, sura tatu za Arnold. Mnaochukia "chenga" njooni hapa

#1 FundiDeki

Wakuu, habari za jioni.

Juzi nimekwaruzana na shemeji yangu kisa tope. Tulikuwa tunaangalia Predator, tumefika pale Arnold katoka mtoni anatambaa, mwili mzima tope, na yule mwindaji yuko hatua chache tu lakini hamwoni, kwa sababu macho yake yanaona joto. Shemeji akasema, "Hii kopi yako mbovu, imejaa chenga. Mimi ninayo safi." Akaifuata kwake. Kumbe anayo Blu-ray ya 2010, ile iliyoandikwa Ultimate Hunter Edition. Tukaiweka, tukarudi palepale. Tope likageuka chokoleti. Laini, linang'aa, halina mchanga wala kijani cha jani. Na uso wa steringi ni kama kamwagiwa mshumaa.

Yeye anaona imependeza. Mimi nikakosa usingizi.

Kwa wasionifahamu, kazi yangu ni kuhamisha mikanda ya VHS kwenda kwenye kompyuta: harusi, maulidi, kipaimara. Kwa hiyo habari ya kusafisha picha naijua kwa vidole.

Hii filamu ya John McTiernan imepita sokoni kwenye diski za hadhi ya juu mara tatu (ya 3D naiweka kando). Ya kwanza 2008, Blu-ray ya GB 25, imebanwa kwa MPEG-2, teknolojia ileile ya DVD. Ilikuwa na punje nyingi za filamu, na kwa kuwa kodeki (njia ya kubana picha) yenyewe ya kizamani, punje zikachanganyika na vile vijisanduku vya picha iliyobanwa. Watu wakalalamika: chenga, chenga, chenga. Ya pili 2010, wakati filamu nyingine ya mfululizo huo inaingia sinema. Safari hii wakaipitisha kwenye programu ya kufuta punje, wakafuta mpaka wakafika mfupani. Ya tatu ni 4K ya 2018, na humo punje zimerudi.

Shida yote imeanzia kwenye neno moja. Tunaita kila kitu chenga. Chenga ni ya antena: mawimbi hayafiki, TV inajijazia mchanga. Ukipanda juu ya bati ukaizungusha, inaondoka na picha inabaki. Punje ni kitu kingine kabisa. Filamu ya milimita 35 haina pikseli. Ina chembe za chumvi ya fedha ndani ya gelatini. Mwanga unazipiga, dawa ya kuoshea inaziamsha, na kwenye filamu ya rangi kila chembe inaacha doa dogo la rangi, halafu fedha yenyewe inaondolewa. Jicho la Arnold, jani, moshi wa sigara, vyote vimejengwa kwa madoa hayo. Hakuna picha nyingine iliyojificha chini yake. Mkeka ni ukindu. Huwezi kusema ngoja nitoe ukindu ili niuone mkeka vizuri.

Naendelea, nipeni dakika.

#2 Binti_Kariakoo

Nimetandika jamvi, tiririka mkuu.

#3 kijiweni_tu

Predator tena? Mimi nilidhani uzi wa Arnold umeisha na Komando.

#4 FundiDeki

Sasa kwa nini hii ina punje nyingi kuliko filamu nyingine za 1987?

Kwanza, msitu. Walipiga Mexico, maeneo ya Puerto Vallarta na Palenque, na mpiga picha alikuwa Donald McAlpine wa Australia. Chini ya miti mikubwa mwanga ni haba hata saa sita mchana, na robo ya mwisho ya filamu ni usiku. Mwanga ukipungua unahitaji filamu yenye kasi, na filamu yenye kasi ina chembe kubwa. Hakuna muujiza hapo. Chembe kubwa inadaka mwanga zaidi na inaonekana zaidi.

Pili, na hapa ndipo nanogewa, ni lile vazi la mwindaji la kutoonekana. Leo kompyuta ingefanya. Wao walimvalisha mtu nguo nyekundu, kwa kuwa nyekundu ndiyo iko mbali na kijani cha msitu na bluu ya mbingu, kwa hiyo ni rahisi kumkata kwenye picha. Wakapiga tukio. Halafu wakalirudia bila mtu, kwa lenzi pana zaidi. Pale alipokuwa amesimama mwekundu wakapachika msitu wa ile lenzi pana, ndiyo maana unaona umbo kama la kioo linalopinda majani. Kazi hiyo ilifanywa na R/Greenberg Associates kwa printa ya optiki, yaani filamu inapigwa picha juu ya filamu nyingine, tabaka kwa tabaka. Kila tabaka linaongeza punje zake. Kwa hiyo anapotokea yule kiumbe asiyeonekana, picha nzima inakuwa na chembechembe zaidi kidogo kuliko sekunde moja iliyopita. Zamani kwenye banda la video hatukujua sababu, lakini tulikuwa tunahisi: hewa imebadilika, kuna kitu.

Ukifuta punje zote ziwe sawasawa, umefuta na hicho.

#5 Bwana_Inchi55

Mkuu, hadithi tamu, lakini nikuulize kama mlipa umeme. Nimenunua TV kubwa, nimenunua spika, halafu unaniambia nikae nitazame mchanga unacheza usoni kwa mtu? Mke wangu akipita sebuleni anauliza king'amuzi kimeisha kifurushi? Mimi nataka picha kama mpira wa Ulaya, jasho lionekane.

#6 FundiDeki

Mkuu Inchi55, umelitaja jasho mwenyewe, asante.

Programu ya kufuta punje inafanya kazi hivi: inachukua fremu moja (picha moja kati ya zile 24 za kila sekunde), inailinganisha na ya kabla yake na ya baada yake. Kilichobaki palepale inakiita picha. Kinachobadilika bila mpangilio inakiita uchafu, inakipangusa. Sasa niambie, kwenye uso wa binadamu anayekimbia msituni, ni nini kidogo, chepesi, kisichokaa mahali pamoja? Jasho. Vinyweleo. Matone ya mvua. Ncha za majani. Vyote vinakwenda na maji. Ndiyo maana kwenye diski ya 2010 wanaume saba wamepaka rangi ya vita usoni, wako kwenye joto la kufa mtu, na ngozi zao kavu kama matangazo ya losheni.

Niungame jambo moja. Miaka ya nyuma aliniletea mama mmoja mkanda wa harusi ya mwanawe, umechakaa. Nikautia kwenye kompyuta, nikaweka kisafishio mpaka mwisho, nikajiona mtaalamu. Kumkabidhi, akaangalia dakika kumi, akasimamisha pale bibi yake anapomtunza bwana harusi. Akaniuliza, "Mbona bibi hana mikunjo?" Yule bibi alishafariki, na ule mkanda ndio peke yake wenye sura yake. Nilirudia kazi nzima bure. Tangu siku hiyo kile kitufe nakigusa kwa kidole kimoja.

#7 Binti_Kariakoo

Hapo kwa bibi umenipata.

Lakini swali: kwa hiyo mikwaruzo nayo tuiache? Vumbi? Kama kila kilichomo ni mkeka, basi na kinyesi cha kuku ni mkeka?

#8 FundiDeki

Hahaa. Hapana dada, kuku tunamfukuza.

Mkwaruzo na vumbi havikuwepo mwanga ulipogonga filamu. Vimekuja baadaye, kwenye mashine, kwenye makopo, mikononi mwa watu. Hivyo ruksa kuviondoa, na ziko njia za kistaarabu. Mojawapo ni kuipitisha filamu kwenye skana huku imelowa kimiminika ambacho mwanga unapinda ndani yake sawasawa na unavyopinda kwenye plastiki ya filamu. Mkwaruzo wa upande wa nyuma unajazwa na kile kimiminika, na kwa skana ni kama haupo. Haujafutwa, umejazwa tu, na punje hazikuguswa.

Njia nyingine ni mwanga wa infraredi. Rangi za filamu zinaupitisha, vumbi na mikwaruzo vinauzuia. Kwa hiyo unapata ramani ya uchafu peke yake, kisha programu inarekebisha pale tu penye doa. Kwa filamu ya rangi ni neema. Ya nyeusi na nyeupe haikubali, kwa kuwa picha yake ni fedha yenyewe, na fedha nayo inauzuia mwanga huo.

Baada ya hapo linabaki jicho la mtu. Predator ni dakika 107. Kwa fremu 24 kwa sekunde ni zaidi ya fremu 154,000. Mtu mmoja akizikagua kwa dakika moja kila fremu, saa nane kwa siku, anamaliza baada ya siku 321 bila Jumapili wala Idi. Sasa mtu wa mahesabu ofisini akiona kuna kitufe kinachosafisha kila kitu kwa usiku mmoja, unadhani atachagua nini?

#9 Msanii_wa_Likoni

Salaam kutoka Mombasa. Ndugu FundiDeki, nimekusoma vyema lakini hapa nakupinga. Wewe wasema punje ni picha. Na mwenye picha mwenyewe akizikataa je?

Tazama Aliens ya 1986. James Cameron, mwongozaji wake, hakuwahi kupendezwa na punje za ile filamu. Diski ya 2010 alisimamia mwenyewe zikapunguzwa. Kisha 2024 zikatoka diski za 4K za Aliens, The Abyss na True Lies, zimepitishwa kwa Park Road Post, ile kampuni ya Peter Jackson huko Wellington, wametumia akili unde kusafisha na kunoa. Watu wakapiga kelele mtandaoni kuwa nyuso zimekuwa za plastiki, Cameron akaitetea kazi. Mwongozaji ameridhika. Mimi na wewe ni nani? Fundi wa nguo akiamua kupunguza mkono wa kanzu aliyoishona, mteja wa jirani atamzuia?

#10 FundiDeki

Ndugu yangu wa Likoni, hoja nzito hiyo, siipiti pembeni.

Haki anayo. Filamu yake. Na hata Terminator 2 ya 4K ya 2017 ilitengenezwa chini ya usimamizi wake, na ilipanguswa punje vilevile, kwa hiyo angalau hana kigeugeu. Lakini kanzu haishonwi na mtu mmoja. Aliyeweka taa kwenye Aliens ni mpiga picha Adrian Biddle, na Biddle alifariki 2005. Hakuulizwa 2010, wala 2024.

Na hapa kuna tofauti kubwa na Predator ya 2010. Ile programu ya zamani ilikuwa inapunguza tu. Inatoa, inatoa, unabaki na nta. Hii akili mnemba inaongeza. Ikikuta uso uko mbali na hauko wazi, inakumbuka nyuso nyingine ilizofundishwa na inachora kope pale ambapo kope hazikunaswa. Picha inakuwa kali, na mtu wa haraka anasema wow. Ila kope zile si za mwigizaji. Ni kope za wastani wa binadamu wote. Nimezitazama hizo za 2024. Aliens niliweza kuivumilia, kuna sehemu imependeza kabisa, nakiri. True Lies nilizima.

#11 Mzee_Projekta

Vijana, mnabishana vizuri. Mimi nimeendesha projekta Dar miaka ya sabini mpaka themanini na kitu, niwape ya kwangu.

Mnasema diski nzuri ni ile iliyoskaniwa kutoka negativu ya kamera, maana ndiyo asili. Sawa. Lakini negativu hiyo hakuna mtazamaji aliyewahi kuiona. Negativu inazaa chanya ya kati, hiyo inazaa negativu nyingine, na hiyo ya pili ndiyo inazaa kopi za sinema. Kopi iliyokuja mikononi mwangu ni kitukuu. Kila kizazi kinapoteza ukali kidogo. Na watengenezaji walilijua hilo. Waliacha uzi unaomning'iniza mtu kwa sababu walijua kwenye kitukuu hautaonekana. Mishono ya vazi la mpira, gundi ya ndevu, vivyo hivyo. Mkichukua negativu mkaimulika kwa 4K, mnatazama chumba cha kubadilishia nguo.

Tena kopi ilikuwa inatikisika kidogo kwenye lango la projekta. Roli ni futi 2,000, dakika 22 hivi, na pembeni juu kulia kunatokea kidoa kukuonya uwashe mashine ya pili. Ukisinzia, ukumbi unapiga miluzi. Hayo nayo ni asili. Mbona hamyataki?

#12 FundiDeki

Shikamoo mzee.

Umenishika pabaya. Nimekaa na hili swali tangu mchana, sikujibu haraka.

Nadhani wewe unazungumzia onyesho, mimi nazungumzia kitu kilichoonyeshwa. Kidoa cha kubadilisha roli kilikuwa chenu ninyi waendeshaji. Lakini la mishono nakubaliana nawe. Wapo wanaofanya uungwana wa katikati: wanaskani negativu, halafu wanatafuta kopi ya sinema iliyohifadhiwa vizuri na kuiweka pembeni kama kielelezo cha rangi na giza, ili wasije wakang'arisha vivuli ambavyo mpiga picha aliviacha makusudi viwe vyeusi. Siku hizi na hii HDR, teknolojia ya kuipa picha mwangaza mkali zaidi, kishawishi ni kikubwa. Mlipuko unaweza kuufanya umchome mtu macho. Swali ni kama 1987 kuna aliyekusudia hivyo.

#13 Mzee_Projekta

Marahaba. Hapo sawa.

Na zile picha za joto, anapoona yule mnyama? Zile hata kwenye diamondi hazitakuwa 4K.

#14 FundiDeki

Kabisa mzee. Zile zilitoka kwenye kamera halisi ya kupima joto, si ya filamu ya kawaida, na kulikuwa na kioja: joto la msitu lilikaribia joto la mwili wa mtu, kwa hiyo kamera ilikuwa haitofautishi mwigizaji na mti. Picha ni chache nukta tangu kuzaliwa. Pale tunaiacha ilivyo. Mnyama haoni vizuri na sisi hatuoni vizuri.

#15 kijiweni_tu

Nimeingia kwa utani nimesoma mpaka hapa. Mimi natazama kwa simu, mtandaoni. Hii vita inanihusu?

#16 FundiDeki

Inakuhusu zaidi ya wote.

Skani moja ya fremu nzima ya 4K bila kubanwa ni kama MB 50. Zidisha kwa fremu 154,000 na ushee, unakaribia TB 8. Diski ya 4K inabeba GB 66 au 100. Hapo tayari imebanwa zaidi ya mara sabini, na mtandaoni unapata sehemu ndogo ya hiyo diski. Sasa kodeki zinaishi kwa kutegemea marudio: ukuta uliokuwepo fremu iliyopita haina haja ya kuutuma tena. Punje hazijirudii. Kila fremu zimemwagwa upya, kwa hiyo kwa kodeki ni gharama tupu. Kinachofuata ni kwamba zinapondwa, unaona madimbwi yanayotambaa kwenye mbingu na kuta. Hizo ndizo chenga za kweli, na watu wanailaumu filamu.

Kodeki ya AV1 imekuja na ujanja wake: inafuta punje kabla ya kutuma, inatuma maelezo ya jinsi zilivyokuwa, halafu simu yako inatengeneza punje bandia zinazofanana na zile na kuzinyunyiza juu. Unaweza kucheka au kulia. Mimi naona ni afadhali kuliko madimbwi.

#17 Bwana_Inchi55

Haya tuseme umenishawishi nusu. Ninunue ipi?

#18 FundiDeki

Ya 2018. Si kamilifu, sehemu za giza kuna punje nzito kwelikweli, na sauti ni ileile DTS ya 5.1, hawakuipandisha. Lakini tope ni tope. Kama huna mashine ya 4K, tafuta ile ya 2008 iliyotumika, inauzwa bei ya chee kwa sababu watu wanaikimbia. Ya 2010 mwachie shemeji yangu.

Kabla hujanunua chochote, ingia kwenye menyu ya picha ya TV yako. Kuna sehemu ya kupunguza chenga na nyingine ya kulainisha mwendo. Zima zote mbili. TV nyingi zinatoka kiwandani zimewashwa, kwa hiyo hata ukinunua diski nzuri, inakwenda kusafishwa upya sebuleni kwako. Usiku wa mpira ziwashe tena kama utapenda, sitakufuata.

#19 Msanii_wa_Likoni

Nami nitajaribu, japo kuhusu Cameron bado tu palepale.

#20 FundiDeki

Palepale ndugu yangu, chai iko tayari siku ukivuka.

#21 Bwana_Inchi55

Mrejesho. Nimezima zote mbili jana usiku, nikaweka filamu ya zamani ya kaka yangu, si Predator, ya magari. Nikae niseme ukweli: dakika tano za mwanzo nilikuwa nakutukana. Baadaye nikasahau. Kuna mahali mtu kashika usukani nikaona mkono una makovu, na hiyo filamu nimeitazama mara ishirini.

Asubuhi nimeamka nimekuta watoto wameshaiwasha TV, wananiambia baba imeharibika.

#22 Binti_Kariakoo

Mkuu Deki, na shemeji je?

#23 FundiDeki

Ameondoka na diski yangu. Ya kwake kaiacha hapa.